Mjadala: Filamu ya mapanki ilipaswa kujibiwa na nani, na kwa njia gani?

Ndugu zangu, naomba tuirudie filamu ya mapanki, yaani ya vichwa na mifupa ya samaki. Wengi wa rika langu wanaikumbuka kwa jina hilo, ingawa jina lake rasmi ni Darwin's Nightmare, ya mwaka 2004, iliyoongozwa na Mwaustria Hubert Sauper. Ilipigwa Mwanza na kandokando ya Ziwa Viktoria. Ilibeba tuzo Ulaya, ikateuliwa kuwania Oscar mwaka 2006, na mwaka huohuo Rais Jakaya Kikwete akaishutumu hadharani kwamba imeichafua nchi. Mwanza watu wakaandamana. Suala likafika bungeni. Kisha kelele zikatulia, na swali lililokuwa ndani yake tukaliacha palepale: filamu ya makala ikisema jambo unaloamini ni la uongo kuhusu watu wako, nani anapaswa kuijibu, na ajibu vipi?

Msimamo wangu nauweka mapema ili anayetaka kuupinga asihangaike kuutafuta. Filamu ile ina kasoro kubwa ya hoja. Ilistahili kujibiwa kwa ushahidi. Pande mbili zilizoweza kuuleta ushahidi huo zilishika njia nyingine: Serikali ilitumia uzito wa dola, na mwongozaji, alipoguswa yeye, akaenda mahakamani. Waliobaki bila pa kusemea ni wale ambao nyuso zao zimo ndani ya filamu.

Kwa ambao hawajaiona: inaanzia kwa sangara, samaki aliyepandikizwa ziwani miaka ya 1950 na 1960, akawamaliza furu, samaki wadogo wa asili wa ziwa hilo, kwa wingi wa kutisha. Kutoka hapo tunaingia kwenye viwanda vya minofu, tunaona ndege kubwa za mizigo zikiondoka na minofu kwenda Ulaya, tunaona vichwa na mifupa ya sangara, yaani mapanki, ikianikwa na kukaangwa, tunaona watoto wa mitaani, wanawake wanaouza miili kwa marubani, wagonjwa wa UKIMWI. Na mara kwa mara mwongozaji anauliza: hizi ndege zikija zinaleta nini? Filamu haina msimulizi. Maneno machache yanaandikwa kwenye skrini, kazi iliyobaki inafanywa na mpangilio wa picha. Karibu na mwisho, rubani mmoja anakiri kwamba aliwahi kupeleka vifaru Angola, akapitia Johannesburg kupakia zabibu za kupeleka Ulaya.

Tukio hilo linachoma. Nimelitazama mara nyingi na bado linanishika. Lakini litazame kwa jicho la mhariri wa picha. Rubani anasema Angola. Sisi tuko Mwanza. Hakuna picha hata moja ya silaha ikishushwa Mwanza. Hata hivyo mtazamaji anatoka ukumbini akiamini kwamba ndege zilizochukua minofu zilikuja na bunduki, na ukimuuliza ni nani alimwambia hivyo, hatakumbuka sentensi yoyote, kwa sababu haikutamkwa. Picha mbili ziliwekwa jirani, akili yake ikajenga daraja. Hiyo ndiyo nguvu ya filamu za makala, na ndiyo sababu ni vigumu kuzijibu. Gazeti likiandika uongo, unaunukuu na kuupangua. Hapa utanukuu nini?

Aliyejaribu kwa bidii kuliko wote ni mwanahistoria wa sinema wa Kifaransa, François Garçon. Mwishoni mwa mwaka 2005 aliandika makala katika jarida la Les Temps modernes, na mwaka uliofuata akatoa kitabu kizima. Hoja yake kuu ni hiyo niliyoitaja: madai ya silaha hayana ushahidi, na umaskini wa Mwanza umebandikwa kwenye samaki kana kwamba viwanda ndivyo vilivyouzaa. Kama angeishia hapo, pengine tungekuwa na mjadala mzuri wa miaka mingi. Alikwenda mbali zaidi, akadai kwamba watoto walilipwa ili waigize baadhi ya matukio. Sauper akamshtaki. Mwaka 2008 mahakama ya Paris ikamtia Garçon hatiani kwa kashfa, na mwaka 2009 rufaa ikaithibitisha hukumu hiyo.

Hapa nataka tugawanyike vizuri, maana najua wapo watakaosema mahakama ilifanya haki. Sehemu moja nakubaliana nao. Kusema "hoja yako ni dhaifu" ni uhakiki. Kusema "uliwapa watoto pesa waigize" ni tuhuma ya tendo, na anayetuhumu alete ushahidi. Ila kuigiza upya mbele ya kamera si jambo lililoletwa na filamu ya Mwanza. Mwaka 1922, Robert Flaherty alipotengeneza Nanook of the North kule Kanada, filamu ambayo wengi wanaihesabu kuwa mama wa filamu za makala, nyumba ya barafu ilijengwa nusu ili mwanga uingie na kamera ipate nafasi, na wawindaji wakaonyeshwa wakitumia mikuki na kulabu wakati bunduki walikuwa nazo. John Grierson, Mskoti aliyelipa tawi hili jina lake la Kiingereza, documentary, mwaka 1926, aliielezea kazi hiyo kuwa ni kuushughulikia uhalisia kwa ubunifu. Basi kama ubunifu umo tangu mwanzo, kuuliza umefika wapi ni haki ya kila mtazamaji, na mtu anayeishi kwa uhuru wa kamera angemjibu mhakiki wake kwa kuweka wazi alivyofanya kazi. Kesi ile iliwafundisha wahakiki wengine kupima kila neno kwa bei ya wakili. Naliona ni hasara kwa wote, pamoja na Sauper.

Turudi nyumbani, ambako mambo yalikuwa mazito zaidi. Hoja ya Serikali siidharau. Watu waliokuwa kanda ya ziwa mwaka 1999 wanajua Ulaya ilipofunga soko kwa samaki wa Ziwa Viktoria kwa hofu ya uvuvi wa sumu. Viwanda vilidorora, mialo, yaani mahali wavuvi wanaposhusha samaki, ikakauka, familia zililala njaa kwa ajili ya jambo ambalo wengi wao hawakulifanya. Filamu ikija miaka michache baadaye, na baadhi ya watu Ufaransa wakaanza kuisusia minofu ya sangara, woga ule ulikuwa na mizizi. Anayesema Rais alikurupuka tu hajui ilivyokuwa.

Lakini kumbukeni soko la mwaka 1999 lilifunguliwaje. Halikufunguliwa na hotuba wala maandamano. Lilifunguliwa kwa vipimo na ukaguzi: maabara zikaimarishwa, wakaguzi wakatembea mialoni, matokeo yakapelekwa kwa wanunuzi. Tuliambiwa samaki wetu wana sumu, tukajibu kwa kipimo. Mwaka 2006 tuliambiwa ndege zetu zinaleta silaha. Serikali ndiyo yenye kumbukumbu za forodha, ratiba za uwanja wa ndege na vitabu vya mizigo. Ingeziweka mezani, waandishi wa Mwanza wakazisoma, hoja ya filamu ingeanguka au ingesimama, na sisi sote tungejua. Badala yake tukabishana kama mapanki yanaliwa na watu au hayaliwi, jambo ambalo mtu yeyote aliyewahi kukaa karibu na kiwanda cha minofu angelijibu bila kuhitaji tume.

Na ile hasira ilishuka kwa nani? Mwongozaji alikuwa Ulaya. Mwandishi wa habari wa hapa aliyezungumza kwenye filamu ndiye aliyehojiwa, uraia wake ukatiliwa shaka. Hapo ndipo mimi ninapokataa kabisa. Ukishamwandama mwananchi kwa kujibu swali mbele ya kamera, umewanyamazisha wote waliokuwa na la kusema, wakiwemo wale ambao wangesema filamu imewaonea. Mama aliyepigwa picha akiwa kwenye mapanki na akaona ameaibishwa, angejitokeza vipi kulalamika wakati aliyetangulia kuzungumza anaulizwa kabila na kwao?

Tabia hii ya kumlinda mtazamaji na kumshuku anayepigwa picha tumeirithi. Kati ya mwaka 1935 na 1937, kijijini Vugiri kwenye milima ya Usambara, kulikuwa na mradi wa sinema ulioitwa kwa kifupi BEKE (Bantu Educational Kinema Experiment), ulioungwa mkono na wamisionari na kulipiwa na shirika la Carnegie la Marekani. Walitengeneza filamu zipatazo 35 za kumfundisha Mwafrika kilimo, afya na utii wa kodi, wakazizungusha kwa lori. Baadaye, kitengo cha filamu za makoloni cha Uingereza, kilichoundwa mwaka 1939, kikajenga nadharia kamili: Mwafrika hawezi kufuata picha zinazokatwa haraka, apewe mambo polepole, kitu kimoja kimoja. Mwafrika alikuwa wa kuonyeshwa na wa kupigwa picha. Kushika kamera na kuamua picha ipi ifuate ipi, hapana.

Uhuru ulikuja, kampuni ya filamu ya taifa ikaanzishwa mwaka 1968, lakini sheria ya filamu ya mwaka 1976 bado ikaweka kibali mbele ya kamera. Marekebisho ya mwaka 2019 yakawataka wageni wanaopiga picha nchini wakabidhi hata picha ghafi. Najua sababu inayotolewa: tusichafuliwe tena kama kwa mapanki. Lakini fikirini picha ghafi ni nini. Ni saa nyingi za watu wakizungumza bila kificho, mengi yakiwa yameachwa kwa makusudi ili kuwalinda. Sheria ya namna hiyo haimpunguzii mgeni uwezo wa kupotosha, kwa sababu upotoshaji unafanyika baadaye, kwenye meza ya uhariri. Inachopunguza ni ujasiri wa mvuvi kuzungumza.

Pingamizi linaloniumiza kichwa zaidi ni hili, na nimeambiwa na watu ninaowaheshimu: "Uhuru wa maoni unaousema ni wa mwenye ukumbi. Yeye ana tamasha la filamu la Venice, wewe una nini? Filamu ijibiwe kwa filamu, sawa, lakini filamu yetu itaonyeshwa wapi?" Sina jibu rahisi. Wazanzibari wanalijua zaidi yetu. Mwaka 1966 Waitaliano Jacopetti na Prosperi walitoa Africa Addio, filamu iliyojaa dharau kwa Mwafrika tangu mwanzo hadi mwisho. Ndani yake zimo picha zilizopigwa kutoka angani juu ya Zanzibar, Januari 1964, wakati wa Mapinduzi. Wanahistoria wanazibishania hadi leo. Picha za siku zile ni adimu mno, na hizi ziko mikononi mwa watu waliotuona kama wanyama wa mbugani. Ukiichoma filamu hiyo umepoteza ushahidi unaohitaji kuhojiwa. Ukiiacha bila jibu, sauti ya mdharau ndiyo itakayosimulia. Kwa hiyo kinachotakiwa ni kuhifadhi, kuonyesha na kuhoji, kwa Kiswahili, na wazee walioziona siku zile kwa macho yao wakiwa bado hai. Huo ni wajibu wa nyaraka za taifa, vyuo na vituo vya televisheni. Unahitaji pesa na nia, na katazo ni rahisi kuliko vyote viwili, ndiyo maana tunalikimbilia.

Wengine watasema tuwape waliopigwa picha haki ya kuizuia filamu. Nilikuwa nikielekea huko mpaka niliposoma habari za Titicut Follies. Frederick Wiseman alipiga filamu hiyo ndani ya hospitali ya gereza ya Bridgewater, Massachusetts, akaonyesha wagonjwa wa akili wakivuliwa nguo na kudhihakiwa na walinzi. Ilitoka mwaka 1967. Jimbo likaenda mahakamani kwa jina la faragha ya wagonjwa, na filamu ikafungiwa kwa umma hadi mwaka 1991. Faragha yao ilikuwa ya kweli, walidhalilishwa mara mbili, na walinzi kisha na kamera. Lakini aliyebeba bendera ya faragha hiyo ni jimbo lilelile lililowaweka uchi. Tangu hapo nauliza kwanza: anayeomba katazo kwa niaba ya mnyonge, ni mnyonge mwenyewe au ni aliyemtesa?

Ninachokipendelea ni kidogo na kinawezekana. Anayekuja kupiga filamu ya makala airudishe mahali alipoipiga, kwa lugha ya watu wa hapo, kabla haijapanda jukwaani kwingine, na majibu yao yarekodiwe na kuambatana na filamu popote iendako. Sijui kama sheria iilazimishe hiyo au iachwe kuwa desturi ya kazi, na hapo nahitaji hoja zenu, maana naona hatari ya ofisa fulani kukaa katikati na kugeuza "majibu ya wananchi" kuwa kibali kingine.

Swali la mwisho nawauliza waliokuwa Mwanza mwaka 2006, hasa walioandamana. Je, siku ile mlipokuwa barabarani mlikuwa mmeiona filamu yenyewe, au mlikuwa mmesimuliwa? Na aliyeiona baadaye, mapanki aliyoyakuta kwenye filamu ndiyo yaleyale aliyoyajua Kirumba, pale Mwanza? Mimi niliiona kwenye sidii ya kudurufu, maneno ya chini yakiwa Kifaransa, tukiwa watu wanane chumba kimoja, na mwenzetu aliyetoka Igombe, kandokando ya ziwa hapo Mwanza, alikuwa akisimamisha picha kila dakika ili atueleze pale ni wapi na kile kilichoonyeshwa hakiko hivyo, au kiko hivyo hasa. Yale maelezo yake hakuna aliyeyarekodi.