Mrejesho: majani ya kulisha sungura, Bukavu

Ndugu zangu, niliuliza hapa ni majani gani yanawafaa sungura wangu wa hapa Kadutu, mtaa wa Bukavu, ambao walikuwa wakiharisha na kuvimba matumbo kila mvua ilipozidi. Nawashukuru wote mliojibu, hasa mama aliyenionya kwamba majani ya avoka ni sumu kwa sungura, kwa kuwa mti huo umejaa katika viwanja vyetu.

Ushauri nilioufuata kwanza ni kutowapa majani yenye umande. Sasa ninakata matembele na kishona-nguo, ninayatandaza barazani mpaka yalegee, kisha ninawapa pamoja na nyasi kavu nyingi. Wakubwa wameacha kuharisha, na kinyesi chao kimerudi kuwa vidonge vikavu ambavyo ukivivunja kwa vidole unaona nyuzi za nyasi ndani.

Sombe, yaani majani ya muhogo, nimeikausha kama mlivyosema, ili sumu yake ipungue, lakini wanainusa tu na kuiacha. Kwa bei yake sokoni, sioni sababu ya kuwabembeleza.

Kwa vitoto vilivyotoka kuachishwa maziwa sikufanikiwa vilevile. Baadhi vilikufa, na mganga wa mifugo ameshauri vipewe nyasi kavu zaidi, majani mabichi yaongezwe kidogo kidogo. Hivyo ndivyo ninavyofanya na uzao mpya, ambao mpaka sasa unakula vizuri. Tatizo lililobaki ni ukungu: nyasi ninazining'iniza jikoni, juu ya mbabula (jiko la makaa), na zilizoota ukungu ninazitupa kwenye mbolea.