Mama anasema nilizaliwa mwaka aliokufa Sokoine. Nisaidieni kuupanga mwaka 1984

Mtoto wa Mtoni

Wakuu habari zenu, na wazee mliomo humu shikamooni.

Vyeti vyangu vyote vimeandikwa nimezaliwa 1 Januari 1984. Tarehe hiyo alinibandika mwalimu siku naandikishwa darasa la kwanza, maana marehemu baba alinipeleka bila karatasi yoyote, na mwalimu naye alikuwa na foleni ya watoto mpaka nje. Nusu ya darasa letu tulizaliwa Januari mosi. Sasa nafuatilia cheti cha kuzaliwa na natakiwa kula kiapo. Nikaona nisiape kitu ambacho mama mwenyewe akikisikia anacheka.

Mama yupo, namshukuru Mungu, na kumbukumbu zake ni kali kuliko zangu. Tatizo hahesabu kwa tarehe. Jana nimekaa naye uani, kasema hivi: Waziri Mkuu Sokoine alipokufa mimi nilikuwa tumboni na nimeshaanza kucheza. Sikukuu ya Idi alipika pilau mgongo unamkata, mimi bado sijatoka. Na siku ya arobaini yangu, baba na baba mdogo walikuwa hawasikilizani, wanabishana habari za mkimbiaji wetu aliyekuwa Marekani. Anakumbuka pia doti ya kanga aliyoletewa mwishoni mwa mwaka, baba kainunua Kariakoo bila kupanga foleni, mpaka shoga zake wakaja kuishikashika.

Anayeujua mwaka ule anipangie. Kipi kilitangulia, kipi kikafuata?

Chaurembo

Mkuu, 1984 ni Sokoine, mengine makapi. Jembe lile lilikuwa limewakaba wahujumu uchumi, wale wafichaji wa bidhaa, kooni, wakammaliza. Baada ya hapo maduka yakajaa na wenyewe wakarudi kaunta wanacheka. Tarehe andika yoyote, nani atakuja kukuhoji?

Mpiga Chapa Mstaafu

Marahaba mwanangu. Usiandike yoyote, huyo asikupoteze. Mama yako amekupa vitu vya maana sana, ila hajui kama amekupa.

Mwaka ule nilikuwa napiga chapa katika ofisi moja ya serikali kule Kivukoni, nakaa Magomeni. Kwa hiyo mengi yalipita kwenye taipureta yangu kabla hayajafika mtaani, ingawa kwa shida. Karatasi ya kaboni tuliitumia mpaka ikatoboka, unaiinua juu unaona dirisha. Utepe wa mashine ukikauka tunaugeuza, ukikauka tena tunaupaka mafuta. Nakwambia hivyo ujue nchi ilikuwa katika hali gani ulipokuwa tumboni.

Mwaka ulifunguka na mambo ya Zanzibar. Mwishoni mwa Januari, kwenye kikao cha Halmashauri Kuu ya CCM kule Dodoma, Mzee Aboud Jumbe akaachia vyote kwa mpigo: urais wa Zanzibar, umakamu wa Rais wa Muungano na umakamu mwenyekiti wa chama. Lugha iliyotumika ilikuwa "kuchafuka kwa hali ya hewa ya kisiasa". Sisi wa ofisini tukawa tunaulizana kwa sauti ya chini hiyo hewa imechafuliwa na nini. Jambo lenyewe lilikuwa muundo wa Muungano, kama ziwe serikali mbili au tatu. Akashika Mzee Ali Hassan Mwinyi.

Halafu Sokoine. Alhamisi, 12 Aprili. Anatoka Bungeni Dodoma anarudi Dar kwa gari, ajali ikatokea karibu na Dakawa, mkoa wa Morogoro. Alikuwa na miaka 45. Bara hatukuwa na televisheni, ni Radio Tanzania tu, na aliyetangaza ni Rais wetu mwenyewe, Mwalimu Nyerere. Nilikuwa kwa jirani nimekwenda kuomba moto wa mkaa. Ile sauti ilipoanza, jirani alikuwa anachambua mchele kwenye ungo. Akauweka chini taratibu, mchele ukabaki hivyo hivyo mpaka giza likaingia, kuku wakaja wakaula na hakuna aliyewafukuza. Redio ikaacha muziki wa dansi, ikawa ni nyimbo za maombolezo. Mama yako hawezi kukosea siku hiyo. Kama ulikuwa umeshaanza kucheza tumboni, basi mimba ilikuwa imepita miezi minne, na Januari mosi yako imekufa hapo hapo.

Sasa Chaurembo, kwa heshima zote. Kwamba watu walimpenda ni kweli, mimi pia nililia. Lakini wewe umeyapanga mambo kama sinema. Msako wa wahujumu uchumi ulianza 1983, na ule wa kwanza nimeuona kwa macho: asubuhi moja pale bonde la Msimbazi tukakuta makatoni ya sabuni yametupwa usiku, yamelowa, watoto wanachota rojo la sabuni kwa ndoo. Sabuni ambayo sisi tulikuwa tunafua bila hiyo, kwa majani ya mpapai! Wengine walikuwa wafichaji kweli, wengine duka lao lilikuwa dogo kuliko choo changu na bado waliwekwa ndani. Ila ghala likishapekuliwa likaisha, kesho yake nani analeta mzigo mwingine? Viwanda havina malighafi, nchi haina fedha za kigeni. Na serikali hiyo hiyo ya Sokoine ndiyo iliyoruhusu mabasi ya watu binafsi hapa Dar 1983, maana kwenye vituo watu walikuwa wanalala wamesimama. Alikuwa mtu wa kubana, na wa kulegeza pia alikuwemo.

Kilichojaza maduka ni bajeti ya Juni 1984. Aliisoma Cleopa Msuya, waziri wa fedha. Shilingi ikashushwa mpaka 17 kwa dola, ruzuku ya sembe ikaondolewa, na mwenye fedha zake nje akaruhusiwa kuleta bidhaa asiulizwe alizipata wapi. Watu wengi humu wanasema hayo kayaleta Mzee Mwinyi, na jina la Mzee Ruksa wakampa. Mwinyi kawa Rais wa Muungano Novemba 1985! Ruksa ilianza Mwalimu akiwa bado Ikulu, na nadhani ilimuuma, lakini ndiye aliyeiruhusu. Hilo ndilo tukio langu la mwaka 1984, hata kama halikupigiwa nyimbo kwenye redio.

Kanga ya mama yako inatoka hapo. Mzigo haukufika siku ya pili, meli ina safari yake. Ni mwishoni mwa mwaka ndipo nilipoona Mtaa wa Kongo duka lina sabuni ya kuogea imepangwa rafu nzima, rangi tatu. Nikasimama. Mwenye duka akaniuliza nataka ipi, nikashindwa kujibu, maana sikuwahi kuulizwa swali hilo na muuza duka kwa miaka. Nilipotajiwa bei nikajibu haraka: hakuna. Sembe nayo ikapanda, tukaanza kuukumbuka ule unga wa njano tuliokuwa tunauita unga wa Yanga. Mimi Simba, na niliula.

Sasa kwako. Bajeti ilisomwa tukiwa kwenye mfungo, nakumbuka kwa sababu tulikuwa tunapiga chapa na njaa. Ramadhani ya mwaka ule iliingia na Juni ikatoka na Juni. Idi ilikuwa Jumamosi ya tarehe 30 Juni au Jumapili ya Julai mosi, kutegemea mwezi ulionekana wapi. Wewe ulikuwa bado. Mkimbiaji ni Juma Ikangaa, mwanajeshi wetu, mbio ndefu za Olimpiki za Los Angeles. Zilikimbiwa tarehe 12 Agosti jioni kwao, kwetu ikawa alfajiri ya 13. Alishika nafasi ya sita, Mreno Carlos Lopes ndiye aliyeshinda. Ubishi wenyewe naujua, ulikuwa hata ofisini: wapo waliosema ameongoza sana akajichosha, wapo waliosema sita duniani si mchezo.

Rudisha siku arobaini kutoka hapo. Unaangukia mwanzoni mwa Julai.

Pemba Mnazi

Mama Mpiga Chapa, umeeleza vizuri. Niongeze la Mzee Jumbe, kwa kuwa sisi wa huku Kigamboni tulikuwa jirani zake. Baada ya kujiuzulu alihamia Mjimwema na aliishi huko mpaka alipofariki Agosti 2016. Ukimkuta ni mzee mtulivu wa msikitini, wageni wengi hawakuwa wanajua kama huyu ndiye aliyekuwa Makamu wa Rais.

Halafu ukiangalia, ndani ya miezi minne watu wawili waliokuwa wakitajwa kumrithi Mwalimu walipanguka. Jumbe Januari, Sokoine Aprili. Salim Ahmed Salim akawa Waziri Mkuu tarehe 24 Aprili, siku mbili kabla ya sherehe za miaka 20 ya Muungano. Mwaka uliofuata ni Mwinyi aliyechukua nchi. Nani angedhani hivyo Desemba 1983?

Na katiba msiisahau. Mwaka huo huo, kwenye marekebisho ya tano, ndipo haki za raia zilipoingizwa katika Katiba ya Muungano na Rais akawekewa ukomo wa vipindi viwili. Zanzibar nao wakapata katiba yao mpya, ile inayoitwa ya 1984.

Chaurembo

Mama shikamoo. Sijabisha kuhusu bajeti, nakubali. Lakini hilo gari lililomgonga Sokoine, dereva si alikuwa mgeni wa Afrika Kusini? Mgeni anatafuta nini Dakawa? Hapo ndipo mimi sielewi.

Mpiga Chapa Mstaafu

Marahaba. Hilo nalo lina maelezo mepesi. Morogoro ilikuwa imejaa wapigania uhuru wa ANC, chama cha Afrika Kusini. Mazimbu walikuwa na shule yao, na Dakawa serikali yetu iliwapa eneo jingine. Kumkuta Msauzi na gari barabara ile mwaka 1984 ni sawa na kumkuta mvuvi Feri. Zaidi ya hapo sikuwepo barabarani, na wewe ulikuwa hujazaliwa, kwa hiyo tuishie hapo.

Pemba Mnazi, umenikumbusha mengine. Mwezi Mei walitia saini kule Arusha kugawana mali za Jumuiya ya Afrika Mashariki iliyovunjika 1977. Na Novemba Mwalimu akachaguliwa mwenyekiti wa OAU, Umoja wa Nchi Huru za Afrika, kwenye mkutano wa Addis Ababa, ule ambao Moroko walisusa wakatoka kwa sababu ya Sahara Magharibi. Barua za pongezi zilivyokuwa nyingi, na kaboni ndiyo ile ile.

Mtoto wa Mtoni, kamuulize mama mambo mawili. Saba Saba ulikuwa umeshazaliwa? Wakati ule siku hiyo ilikuwa na shamrashamra, hawezi kuisahau. Na la pili, kama hakumbuki tarehe, anakumbuka siku ya wiki?

Mtoto wa Mtoni

Nimetoka kwake sasa hivi. Saba Saba, anasema, nilikuwepo lakini kitovu kilikuwa hakijakauka hata kidogo. Baba alitaka kwenda kwenye maonyesho na wenzake, mkunga akamkemea kwamba nyumba ina mzazi wa juzi, akabaki nyumbani kachukia.

Siku ya wiki nilipomuuliza akanitazama kama nimemtukana. Akasema, "Wewe jina lako nani?"

Jina langu Juma.

Pemba Mnazi

Hahaha! Umri wote huo mkuu!

Mpiga Chapa Mstaafu

Basi imekwisha. Saba Saba ya 1984 ilikuwa Jumamosi. Kati ya Idi na siku hiyo kuna Ijumaa moja tu, tarehe 6 Julai. Arobaini yako ikaangukia 14 Agosti, siku ya pili tangu habari za Ikangaa zifike, ndiyo maana baba zako walikuwa bado hawajachoka kubishana.

Kwenye kiapo aape mama, wewe ulikuwa mchanga huwezi kuwa shahidi. Na mwandikishe jina la yule mkunga kama yu hai, wanalipenda sana.

Mtoto wa Mtoni

Ahsante sana mama, na wakuu wote. Mkunga alishafariki, ila binti yake yupo Mbagala na anasema alikuwepo, yeye ndiye aliyetumwa maji ya moto. Kesho naenda kumuona.