Mjadala: Sizoni za majoka na vyombo vya angani zinatufunza nafsi za watu, au tunajidanganya?

Mleta mada

Wakuu, habari za jioni. Kuna jambo linanikereketa tangu wiki iliyopita, naomba tulijadili, matusi tuyaache mlangoni.

Mimi na wenzangu wawili tuna kikundi kidogo cha vijana hapa Kinondoni. Umri wao ni kati ya miaka 19 na 26. Wengi ni bodaboda na wachuuzi, wachache wamemaliza chuo na wako nyumbani wanasubiri. Kila Jumamosi jioni tunaazima chumba cha mtaa, tunawasha projekta, tunaangalia kipande cha dakika 15 au 20 cha sizoni ya kufikirika, mara nyingi Game of Thrones, ile ya majoka na falme, tunazima, tunazungumza. Basi. Hakuna ada wala posho, na maji kila mtu anakuja na chupa yake.

Sasa kuna mzazi amelalamika. Anasema tunawafundisha vijana majini na upuuzi wa Wazungu, halafu tunaupaka jina la afya ya akili. Uongozi wa mtaa umetuita Jumatano tujieleze. Swali langu kwenu: chumba cha umma kitumike kwa kazi ya namna hii, au tutafute ukumbi wa kulipia kama watu wa harusi?

Msimamo wangu siufichi. Kijana wa Dar hawezi kukaa mbele ya watu kumi na tano akasema "mimi nimevunjika". Atakuambia mambo safi, fresh, poa, halafu ataangalia simu. Lakini mwekee mtu wa kubuni mbele yake, umsikie. Hili halikuletwa na televisheni. Mama zetu wamegombana, wamesutana na kupatana kwa maandishi ya kanga miaka nenda rudi, jina la mtu halitajwi na ujumbe unafika uani kwa jirani kabla chai haijapoa. Kwangu mimi sizoni ya majoka ni kanga iliyopanuliwa.

Na kuna sababu nzito zaidi ya aibu. Kanuni ya Adhabu ya nchi hii inalihesabu jaribio la kujiua kuwa kosa la jinai. Fikiria kijana aliyewahi kufika huko. Akisema wazi kikaoni, amejikiri mhalifu. Akimsemea mtu wa kwenye sizoni, amezungumzia sizoni.

Mzazi, Tabata

Mleta mada, mimi siye niliyelalamika, ila namwelewa mwenzangu. Hiyo Game of Thrones naijua, mwanangu aliiweka kwenye flashi akasahau kuitoa kwenye televisheni ya sebuleni. Nilikaa na mama mkwe wangu! Uchi, ubakaji, watu wanachinjana kama kuku wa sikukuu. Unaniambia humo mna somo la nafsi ya mtu? Sisi tumekuzwa kwa hadithi za sungura na fisi, tukajua mwenye tamaa anaishia wapi, na hakuna aliyevuliwa nguo.

Halafu kuna jambo la imani. Huku kwetu jini si mchezo wa kuigiza. Mwaka 1995 watu wa Unguja na Pemba walilala nje kwa makundi kwa hofu ya Popobawa, jini linalosemwa kuvamia watu usiku vitandani. Ukimwonyesha kijana mfu anayetembea, usidhani kila mmoja anaona rangi za filamu.

Mleta mada

Mama, pole kwa mama mkwe. Hoja ya uchi nakubali bila kubisha: tunachagua kipande, tunakipitia sisi kwanza, na aliye chini ya miaka 18 haingii. Kuhusu Popobawa, ulivyoiweka ndivyo ninavyotaka izungumzwe: kwa nini mtaa mzima ulale nje kwa wakati mmoja? Hofu inapita vipi kutoka kitanda hadi kitanda? Ukimuuliza mtu ana kwa ana atakasirika, ataona unamcheka.

Niliyekuwa na kibanda umiza, Mbagala

Niliendesha kibanda umiza miaka saba pale Rangi Tatu, mabenchi ya mbao na feni moja mbovu. Saikolojia ya watu wangu naijua kuliko daktari. Sheria ilikuwa moja: stelingi hafi. Stelingi akipigwa risasi kumi, mteja anatafuna karanga kwa amani, anajua ataamka.

Siku nimeweka hiyo sizoni, msimu wa kwanza wa 2011, tukafika sehemu ya tisa. Ned Stark, stelingi kabisa, mtu mwaminifu, anakatwa kichwa. Wateja walikaa kimya. Halafu jamaa mmoja akasimama akasema, "Oya, umeruka diski, rudisha nyuma." Nikarudisha. Kichwa kikakatwa tena. Wakadai kiingilio chao. Kuna mzee alikaa pale nje mpaka nafunga, akaniambia kaka yake alikuwa mtu mwema kama yule, na alikufa hivyohivyo, kwa kusema kweli kwa watu wasiofaa. Mzee yule alikuwa mteja wangu miaka minne na sikujua kama alikuwa na kaka.

Kwa hiyo mleta mada ana hoja. Ila angalieni na hawa wanaotafsiri, wale wa kuingiza sauti juu ya filamu. Mhusika ananyamaza dakika nzima, uso tu, mtafsiri hawezi kuvumilia, anamjazia maneno: "Hapa jamaa anawaza, huyu demu ameniletea nuksi!" Sasa hapo umesoma nafsi ya nani, ya mhusika au ya mtafsiri?

Nesi, Temeke

Ndugu zangu, mimi nafanya kazi kitengo cha magonjwa ya akili na naomba niwe mkali kidogo. Hizi sizoni zinatuletea wagonjwa waliokwisha kujipima. Binti anakuja na karatasi, kaandika mpenzi wake ni "narsisisti", yaani mtu wa kujipenda kupita kiasi, na yeye ana "Stockholm", yaani mateka anayempenda mtekaji wake. Hilo neno la Stockholm lilizaliwa kwenye uvamizi wa benki Agosti 1973, mateka wanne, siku sita, na mpaka leo halimo kama ugonjwa kwenye mwongozo wa magonjwa ya akili wa Wamarekani. Lakini kila sizoni yenye mtekaji na mtekwa inalitumia kama paracetamol.

La pili ni muda. Star Trek, sizoni ya vyombo vya angani, ya akina Kapteni Picard, sehemu ile ya Desemba 1992 ambayo wengi mnaisifu. Kapteni anateswa, mtesaji amewasha taa nne na anataka aseme ni tano. Anagoma mpaka mwisho. Akiokolewa anamwambia mshauri wa chombo, Deanna Troi, kwamba alikuwa tayari kusema tano, na zaidi ya hapo, aliamini anaziona tano. Hapo nawavulia kofia, maana ndivyo walioteswa wanavyosimulia: kilichovunjika si mdomo, ni macho. Sasa sehemu inayofuata? Yuko kwenye kiti chake, kanyooka, habari ya taa haipo. Mgonjwa wangu wa namna hiyo naenda naye miezi, mwingine miaka. Kijana akijifunza uponyaji kwenye sizoni, akija kwangu mara ya tatu bado analia, anadhani yeye ndiye mbovu.

Mwanafunzi wa saikolojia

Dada nesi umesema kweli kuhusu Stockholm, na mimi naongeza mfano ambao darasani tunaupenda kupita kiasi. Theon Greyjoy. Kwa wasioijua: yumo kwenye hiyo hiyo Game of Thrones, ni mtoto wa kiume wa ukoo mkubwa, anakamatwa na katili aitwaye Ramsay, anateswa, anakatwa viungo, anapewa jina la uvundo, Reek, mpaka analiitikia. Msimu wa nne dada yake Yara anavuka bahari na wapiganaji kumwokoa, anafika mpaka kwenye banda la mbwa alimolala. Na Theon anagoma kutoka.

Wengi huwa tunaandika: huo ndio unyonge wa kufundishwa. Mwaka 1967 Martin Seligman na Steven Maier, Chuo Kikuu cha Pennsylvania, waliwapiga mbwa shoti ambazo mbwa hawakuweza kuzizuia. Baadaye wakawaweka kwenye sanduku lenye kizuizi kifupi, ukiruka tu umepona. Wengi hawakuruka. Walilala wakapokea shoti. Theon amelala bandani, mbwa wamelala sandukuni, mtihani umefaulu.

Tatizo ni kwamba mwaka 2016 hao hao wawili walirudi wakasema walikuwa wamelisoma kinyume. Unyonge haufundishwi. Mateso yakiwa marefu, ubongo kwa asili yake hulala chini. Kinachofundishwa ni kule kujua kwamba una uwezo wa kuyazuia. Mbwa wale hawakupona kwa kubembelezwa wala kwa kuona wenzao. Ilibidi waburutwe kwa kamba kuvushwa kizuizi, tena na tena, mpaka miguu yenyewe ikajua. Sasa niambieni ni sizoni gani ina subira ya kuonyesha hilo.

Dereva wa taksi ya mtandaoni

Mimi sijui mbwa wala majoka, ila nimeona sizoni ya Black Mirror, sehemu ile ya 2016 ambayo watu wanapeana alama kwa simu, mwanamke ana alama 4.2 anataka 4.5 apate punguzo la nyumba, anacheka na kila mtu mpaka misuli inamkamaa. Huyo ni mimi, barabara ya Bagamoyo, saa moja asubuhi, abiria kachelewa kutoka yeye na nyota ananipunguzia mimi. Sikuhitaji mwanasaikolojia kunifafanulia. Nilizima nikalala. Lakini kesho yake nilimwambia mke wangu kwa nini nikifika nyumbani sitaki kusemeshwa.

Mleta mada

Dereva, hiyo sentensi yako ya mwisho nitaibeba Jumatano kama ilivyo, kama unaruhusu.

Mwanafunzi, ngoja nikujibu kwa kisa. Kipande hicho hicho cha Theon tulikionyesha mwezi uliopita. Nikauliza, kama wewe ulivyosema, kwa nini hatoki na mlango uko wazi? Wakanijibu yale ya kwenye vitabu: amezoea, amekuwa zezeta, anampenda bosi wake. Kuna kijana wa bodaboda, hajawahi kufungua mdomo tangu aje. Huyu amepoteza pikipiki tatu za mkataba. Zote za mtindo mmoja: analipa hesabu kila siku, anabakiza miezi miwili mitatu pikipiki iwe yake, tajiri anatafuta kosa, anaichukua. Sasa anakaa kijiweni. Mjomba wake amemtafutia mkataba mwingine, safari hii wa maandishi, hataki. Nyumbani wanamwita mvivu.

Akasema, "Nyie hamkuangalia vizuri. Jamaa alishawahi kutoroshwa."

Tukarudi nyuma, msimu wa tatu. Kweli. Ramsay mwenyewe, kabla Theon hajamjua, alijifanya mwokozi. Akamfungua, akampa farasi, akamzungusha usiku mzima, akamrudisha kwenye chumba kile kile cha mateso. Kijana akaendelea: "Sasa akija dada mtu na shoka, atajuaje kama huyu ni wa kweli? Mimi ningekaa hapo hapo kwa mbwa. Mbwa angalau hawaahidi kitu."

Nani bandani mwa Pennsylvania aliwahi kumdanganya mbwa kwa mlango wa uongo? Hapo ndipo ninapobishana na nesi na mwanafunzi kwa heshima zote. Sizoni ilikuwa na kitu ambacho jaribio halikuwa nacho, na aliyekiona si mimi mwenye projekta. Sisemi filamu ilimponya. Sisemi hata kwamba walioiandika walikuwa wanafikiria saikolojia. Ninachosema, yule kijana hakuwa na maneno ya kumweleza mjomba wake kwa nini hataki pikipiki, na dakika ile akawa nayo.

Nesi, Temeke

Hapo umenigusa. Lakini akisema hivyo mbele ya watu, halafu mkazima projekta mkaondoka, usiku anabaki na nani? Huo ndio wasiwasi wangu, si majoka. Mna namba ya mtu yeyote wa kitengo?

Mleta mada

Hatuna. Nakiri.

Nesi, Temeke

Basi nitumie ujumbe. Siwezi kila Jumamosi, lakini mara moja kwa mwezi naweza kukaa nyuma kimya. Na hiyo iandikeni kwenye maelezo ya Jumatano kabla ya maneno ya kanga.

Niliyekuwa na kibanda umiza, Mbagala

Mleta mada, yule dogo wa boda ameuchukua mkataba wa mjomba?

Mleta mada

Bado. Amekuja Jumamosi mbili zaidi. Ya juzi alibaki tukikunja viti, akaniuliza kama Theon alikuja kutoka. Nikamwambia alitoka mwishoni mwa msimu wa tano, aliruka ukuta wa ngome akiwa amemshika mkono Sansa, binti mwingine aliyekuwa mikononi mwa Ramsay. Akauliza, "Aliruka mwenyewe au alisukumwa?" Nikamwambia tutaangalia wote wiki ijayo, chumba kikiwepo.

Mzazi, Tabata

Jumatano hiyo saa ngapi? Nakuja. Ila nitakaa upande wa mzazi mwenzangu.

Mleta mada

Saa tisa alasiri, mama. Karibu.