Tupeane uzoefu: sosi ya haradali ya nyama choma, ile ya njano ya South Carolina

Mleta mada (Columbia, South Carolina)

Wakuu, salaam. Huku katikati ya South Carolina, jimbo la kusini mwa Marekani, yaani Columbia, Lexington, Orangeburg na vitongoji vyake, ukiagiza nyama ya kuchoma usitegemee sosi nyekundu. Inakuja ya njano, ya haradali. Uchachu unatangulia, utamu unafuata, na pilipili manga unaikuta kooni ukishameza. Mgeni akiiona mara ya kwanza anadhani kapewa achari ya embe iliyosagwa.

Najua kuna wenzetu wanaipika wenyewe, maana nyingi za chupa zina sukari kupita kiasi. Tuambizane: unaipikaje, unaipaka kwenye nini, na walio mbali na huku mnaponea wapi?

Naanza mimi. Haradali ya njano ya kawaida, ile ya kuwekea soseji, kikombe kimoja. Siki ya tufaha nusu kikombe. Sukari ya kahawia robo kikombe, asali vijiko viwili vya chakula, sosi ya Worcestershire kijiko kimoja, pilipili manga ya kutwanga mwenyewe kijiko cha chai kilichojaa, pilipili kali ya unga nusu yake, na kitunguu saumu cha unga kidogo. Chumvi siweki mpaka nionje, maana haradali ya chupa na hiyo Worcestershire zinakuja na chumvi yake.

Vyote nachanganya sufuria ikiwa baridi, ndipo naweka kwenye moto mdogo kama dakika 15 huku nikikoroga. Iwe inatokota taratibu, isiruke ruke. Sasa hapa ndipo wengi wanapokata tamaa: ikiwa ya moto ni nyepesi na siki inapanda puani hadi machozi. Usiihukumu hapo. Ilaze kwenye friji. Kesho yake siki imetulia, sosi imeshika, ndipo uonje na kurekebisha.

Mdau wa Lexington

Mleta mada umesema kweli kuhusu kulaza. Mimi mwisho wa wiki nasaidia kwenye jiko la barbekyu, jina sitaji. Pale nguruwe mzima anachomwa usiku kucha. Magogo ya mwaloni na hikori yanawashwa pembeni, yakishageuka makaa tunayachota kwa beleshi na kuyatandaza chini ya nyama, kidogo kidogo, zaidi chini ya mabega na mapaja kwa sababu ndiko kwenye unene. Muda wote huo sosi haiguswi! Sukari iliyomo ukiipeleka kwenye moto mapema inaungua, inakuwa nyeusi na chungu kabla nyama haijaiva ndani.

Nyumbani huna haja ya nguruwe mzima. Chukua bega, choma kwa moto wa mbali hadi katikati pafike nyuzi 95 za Selsiasi, pale ambapo ukichomeka uma na kuzungusha nyama inachambuka yenyewe. Ichambue, kisha mimina sosi uliyoizimua kwa siki kidogo, changanya kwa mikono. Bega lina mafuta mengi, na uchachu wa haradali ndio unaoyakata. Nyama isiyo na mafuta ukiipaka sosi hii unabaki unakula uchachu tu.

Na kando yake wanaweka wali. Ndiyo, wali, umemwagiwa mchuzi mzito uitwao hash, wa nyama iliyochemshwa hadi ikasagika. Zamani ulikuwa wa kichwa na maini, siku hizi wengi wanapikia bega. Mbongo akishaona wali anajisikia yuko kwao.

Mdau wa Mombasa

Mie nguruwe hapana, lakini sosi yenyewe haina dhambi. Naipaka kuku. Mapaja, si kidari, kidari hukauka.

Haradali ya chupa mie sinunui. Naenda duka la Wahindi natwaa rai, zile mbegu nyeusi ndogo za achari, nazisaga kwenye mashine ya viungo. Unga wake nautia maji BARIDI, naufunika, naondoka kama dakika kumi. Nikirudi nikifunua, macho yenyewe yanajua. Hapo ndipo natia siki, chumvi na manjano. Dada yangu yeye hutia siki moja kwa moja juu ya unga mkavu, na yake haijawahi kuwa na makali ya kusema. Maji ya moto ndio kabisa, yabaki uchungu mtupu.

Kuku namchoma kwa chumvi, ndimu na kitunguu saumu, akikaribia kuiva namuhamishia upande wenye makaa machache, namsiriba sosi, namgeuza, namsiriba tena. Dakika kumi za mwisho tu. Ngozi inashika rangi ya dhahabu yenye madoa meusi hapa na pale. Wallahi watoto hugombania vipapatio.

Mdau wa maabara ya chakula

Nimefurahi bi mkubwa hapo juu kaandika maji baridi kwa herufi kubwa. Mbegu ya haradali ikiwa nzima haina ukali, ukiitafuna haraka unasikia kama karanga mbichi. Ukali unazaliwa pale mbegu inaposagwa na kulowa: kimeng'enya (protini inayochochea mabadiliko ya kemikali) kilichokuwa chumba chake kinakutana na kemikali iliyokuwa chumba kingine, na matokeo yake ndiyo yale yanayopanda puani. Maji ya moto yanakiua kimeng'enya kabla hakijafanya kazi. Siki nayo inakifunga breki, ndiyo maana anaitia baadaye, wakati ukali umeshatengenezwa. Ikiingia inausaidia kudumu.

Mbegu nyeusi na za kahawia hutoa ukali unaoruka na mvuke, ndio wa puani. Mbegu za njano, za ile haradali ya soseji, ukali wake hauruki, unausikia ulimini tu na ni mpole. Rangi kali ya chupa ile inatokana na manjano.

Sasa mkiweka sufuria motoni, ukali wa puani wote unaondoka na mvuke. Sosi ikishatokota dakika 15, kinachowasha ni pilipili, haradali inabaki na uchachu, uzito na harufu yake. Anayetaka ile ya kupanda puani aweke kando vijiko viwili vya haradali, avichanganye sosi ikishapoa. Na zile mbegu zina utelezi unaoshika mafuta na maji pamoja, ndiyo maana sosi hii haihitaji unga wa mahindi wa kuifanya nzito. Ukiona mapishi yanakuambia uweke, ruka hapo.

Mdau wa Dar, Sinza

Sisi wa kitimoto, yaani nyama ya nguruwe, tumefika. Sosi ya tufaha huku bei yake haishikiki, kwa hiyo natumia siki nyeupe ya kawaida. Ile ni kali, usipime nusu kikombe, weka robo na maji robo, halafu kamua ndimu moja mwishoni ukishaepua. Sukari naweka guru iliyokwanguliwa, na pilipili mbuzi moja nzima inayoelea, isipasuke. Ikipasuka hiyo si sosi tena, ni adhabu.

Kitimoto cha kuchoma, sosi pembeni, ndizi za kuchoma na kachumbari. Jirani zangu mwanzo walicheka, eti nyama inawekewa rangi ya pilau. Sasa hivi Jumamosi wanauliza "ile ya njano ipo?"

Mdau wa Sinza tena

Hapo juu nilimaanisha SIKI ya tufaha, simu hii.

Mdau wa Nairobi

Nitasema tu ukweli: mbuzi wa kuchoma anataka chumvi, kachumbari na ugali. Ukimpaka kitu ya njano umemkosea heshima. Sosi ni ya nyama yenye haijiamini 😂

Mdau wa Lexington

@Nairobi kwa mbuzi nakubaliana na wewe asilimia mia. Lakini bega la nguruwe la masaa 12 usilifananishe na mbavu za mbuzi za saa moja. Ni mambo mawili.

Mdau wa Columbia, asili ya Bukavu

Miye ninakaa hapa Columbia pia. Kwetu mama alikuwa anapaka mbuzi haradali ya Dijon ikiwa mbichi, na kitunguu na pilipili, nyama inalala nayo usiku muzima, kesho inaenda ku makaa. Haipikwi kabla. Ile ya Dijon inatoka ku mbegu za kahawia, ina nguvu kuliko hii ya soseji ya hapa.

Nilipofika hapa nikaona Wamarekani nao wanapaka haradali ku nyama mbichi mbele ya kuweka viungo, ili viungo vishike. Nikasema basi, hawa ni ndugu. Ku sosi yenyewe, miye ninachanganya nusu ya njano na nusu ya Dijon, sukari ninapunguza sana. Bandugu wa hapa wanapenda utamu kupita.

Mdau msoma historia

Nyongeza kidogo. Kwa nini haradali iko katikati ya jimbo na si kwingine? Maelezo yanayotolewa zaidi ni Wajerumani. Serikali ya kikoloni ilikuwa inawagawia ardhi walowezi kutoka Ulaya, na kuanzia miaka ya 1730 wakaja wengi wenye lugha ya Kijerumani. Orangeburg ilianza mwaka 1735 na walowezi wa namna hiyo. Nguruwe na haradali walikuwa wanakula tangu kwao. Mpaka leo majina ya familia nyingi zenye majiko ya zamani ni ya Kijerumani.

Ila kazi ya kusimamia moto usiku kucha kwa vizazi ilifanywa na watu weusi, kwanza wakiwa watumwa. Hilo msilisahau mnapotaja Wajerumani. Na mmoja wa waliovuma sana kwa sosi hii ya njano, Maurice Bessinger wa migahawa ya Piggie Park, ndiye aliyegoma kuwahudumia watu weusi sawa na wengine hata baada ya sheria ya haki za kiraia ya 1964. Kesi ikafika Mahakama ya Juu ya Marekani, akashindwa mwaka 1968. Mwaka 2000 akapandisha bendera ya Confederate, yaani ya majimbo ya kusini yaliyojitenga na kupigana kutetea utumwa, kwenye migahawa yake, na maduka makubwa yakaziondoa chupa zake. Kwa hiyo mtu mweusi wa hapa akikuambia sosi hii haimpandi, msikilize kwanza.

Ukienda mashariki mwa jimbo, upande wa Pee Dee, haradali huikuti. Kule ni siki na pilipili. Rodney Scott, aliyepata tuzo ya James Beard mwaka 2018 kama mpishi bora wa Kusini-Mashariki, anatoka huko.

Mdau mpya (Muscat)

Asanteni. Swali: inakaa muda gani? Na naweza kupaka samaki?

Mleta mada

Kwenye friji, chupa safi ya kioo yenye kifuniko, wiki mbili hadi tatu haina shida kwa sababu ya siki. Ikiwa umetia kitunguu kibichi au kitunguu saumu kibichi, imalize ndani ya wiki. Na jambo moja: mimina ya kupakia kwenye bakuli lake. Brashi iliyogusa kuku mbichi isirudi kwenye chupa.

Samaki ndiyo, ila chagua mwenye mafuta. Nguru wa huko Muscat utampaka mara moja tu, mwishoni kabisa, na asali upunguze nusu. Changu sikushauri, nyama yake laini, siki itamfunika. Ukijaribu na ndimu kavu za Oman badala ya sehemu ya siki, rudi utuambie.