NAFTA ilimfanyia nini mkulima mdogo wa Meksiko?

Kijana wa Moro: Wakuu, naomba kueleweshwa. NAFTA, ule mkataba wa biashara huria wa Marekani, Kanada na Meksiko, ulipoanza 1994, mkulima wa mahindi kule alipata au alipoteza?

Mzee wa Ghala: Alipoteza, kijana. Mahindi ya Iowa, kule Marekani, yana ruzuku na yanavunwa kwa mashine. Mtu wa Oaxaca, kusini mwa Meksiko, mwenye vishamba vya mlimani ataiweza wapi bei ile? Ushuru wa mahindi ya nje ulikuwa uondoke polepole hadi 2008, ila serikali yake yenyewe iliyaachia yaingie bila ushuru mapema. Na 1992 ilikuwa imeshabadili ibara ya 27 ya katiba, ardhi za ejido, yaani za pamoja za wanakijiji, zikawa za kuuzika. Wazapatista, waasi wakulima wa asili wa jimbo la Chiapas, walishika silaha siku ileile mkataba ulipoanza, Januari 1.

Dada Cali: Niko California. Majirani zangu Wamixteko, watu wa asili kutoka kusini mwa Meksiko, wanachuma stroberi, migongo imepinda kutwa. Mama mmoja ametunza mbegu za mahindi ya bluu kwenye kopo la maziwa. Shamba liko kwao, wa kulilima wako huku. Inaniuma sana.

Kijana wa Moro: Na viwandani?

Mzee wa Ghala: Ajira zilikuja, hasa mpakani, lakini vyama vya wafanyakazi vingi vilikuwa mfukoni mwa mwajiri, mishahara ikadumaa. Mkataba mpya wa 2020 uliochukua nafasi ya NAFTA umebana hapo: 2022 wafanyakazi wa kiwanda cha magari cha Silao, Meksiko, walipiga kura wakachagua chama huru.