Stesheni kongwe ya Voi: tuivunje au tuilinde?

Ndugu zangu, ubishi huu nimeusikia kwenye matatu, sokoni, hata matangani, basi tuuzungumze waziwazi. Kuna wanaosema stesheni ya zamani ya Voi imeshapitwa na wakati: abiria wanapanda reli mpya ya SGR tangu 2017, kiwanja cha reli kiko pazuri, vijengwe vibanda vijana wapate riziki. Wengine wanataka jengo libaki. Mimi ni wa hawa wa pili, na sitafuni maneno.

Hoja ya riziki siidharau. Shangazi yangu alilea watoto kwa ndizi za Taveta zilizoshushwa pale pale. Namkumbuka kasimama kwenye kokoto, leso kaifunga kiunoni, anapokea mikungu dirishani garimoshi halijatulia sawasawa, huku akiibonyeza kwa kidole gumba ajue upi utawahi kuiva. Lakini angalieni: biashara ile ililetwa na gari. Gari la abiria la Taveta lilipokufa, nayo ikafa, na hapo SGR ilikuwa bado haijaja. Kwa hiyo tusiwaahidi vijana kwamba kubomoa kuta kutarudisha wateja walioondoka na garimoshi.

Sasa nije kwenye historia, maana hapa ndipo tunapojipunja. Reli kutoka Mombasa ilifika Voi mwaka 1897. Mwaka uliofuata wakatokea wale simba wa Tsavo waliokula wajenzi wa reli, na tangu hapo kila mgeni anauliza simba. Mimi ningependa aulize 1915, wakati wa Vita ya Kwanza ya Dunia. Wajerumani, waliokuwa wakitawala upande wa Tanganyika, walikuwa wameiteka Taveta ya mpakani tangu Agosti 1914, na doria zao zilivuka nyika usiku kuja kutega baruti kwenye reli ya Mombasa. Waingereza wakaamua kutandika njia mpya ya reli kutoka Voi kuelekea magharibi, kupitia Bura na Maktau, ili wapeleke askari, mizinga na maji mpakani. Mwaka 1916, baada ya mapigano ya vilima vya Salaita na Latema karibu na Taveta, njia hiyo ikaendelezwa hadi ikaungana na reli ya Wajerumani ya Tanga na Moshi, pale Kahe. Yaani reli mbili za maadui zilifungwa fundo moja, na ncha ya kamba ilikuwa Voi.

Nani alibeba mizigo kule reli ilikokomea? Wapagazi wa Carrier Corps, kikosi kilichoacha jina lake Kariokor ya Nairobi na Kariakoo ya Dar es Salaam. Voi yapo makaburi ya askari wa vita hiyo, yenye mawe na majina. Wapagazi walio wengi hawana jiwe popote. Mataruma na stesheni ndiyo alama waliyotuachia, na hiyo ndiyo tunataka kuing'oa?

Ndugu mmoja alinijibu kwamba makumbusho ya reli yapo Nairobi tangu 1971, yanatosha. Hayatoshi. Kule kuna behewa ambamo afisa wa polisi Ryall aliuawa na simba mwaka 1900 pale Kima, na ni jambo zuri kulihifadhi. Lakini mtoto wa Mwatate au Bura hana nauli ya kwenda Nairobi kuambiwa habari za babu yake.

Ninachopendekeza ni hiki. Sheria ya Makumbusho na Turathi ya 2006 inaruhusu jengo kutangazwa turathi katika gazeti la serikali. Tuombe hivyo kwa jengo la stesheni. Kiwanja kinachobaki, wapewe wachuuzi, tena wapewe kwa maandishi wasije wakafukuzwa kesho. Hayo mawili hayagombani.

Wanaotaka livunjwe, karibuni mnipinge. Na wazee wa Taveta mliopanda gari lile, tuandikieni: mlilipa nauli gani, mlibeba nini, mlilala wapi gari lilipochelewa Voi?