Adapta ya Bluetooth ya bei nafuu: ya USB, ya betri au ya FM?

Kinanda: Wakuu, nina amplifaya ya zamani, inapiga vizuri ila haina Bluetooth. Tundu la AUX la kuingizia sauti, la milimita 3.5, lipo. Nimeona adapta aina tatu: inayofanana na flashi, yenye betri yake, na ya kurusha kwa FM. Nichukue ipi?

Sauti_Tupu: Kama AUX unayo, FM achana nayo. Ile ni ya redio ya gari isiyo na tundu lolote. Unahangaika kutafuta masafa matupu kati ya 87.5 na 108, ukishayapata gari linasogea kidogo, stesheni inakalia muziki wako.

BintiNyaya: Mimi nilianza na ya flashi. Nikajua nikiichomeka kwenye USB muziki utatoka. Wapi! USB inaipa umeme tu, sauti inapita kwenye waya wa AUX. Na nilipoipa umeme kutoka USB ya amplifaya hiyo hiyo, mvumo mtupu. Nikaihamishia kwenye pawabenki, kimya.

Fundi Mzee: Dada kasema kweli. Watu hurudisha adapta nzima kwa sababu ya mvumo huo, kumbe umeme na sauti vinarudi kwa njia mbili kwenye amplifaya moja. Ndiyo maana napendelea yenye betri. Ila ukiichaji hapohapo huku unasikiliza, mvumo unaweza kurudi. Kuna kifaa kidogo cha kuukata, kinakaa katikati ya waya wa AUX.

Gemu24: Na filamu je? Kwangu midomo inatangulia maneno.

Fundi Mzee: SBC, njia ya kawaida ya Bluetooth kubana sauti, inaweza kuchelewa milisekunde 200 hivi. Njia nyingine, aptX Low Latency, hushuka hadi kama 40, lakini lazima simu na adapta zote ziwe nayo. iPhone haina aptX, inatumia AAC, kwa hiyo mwenye iPhone asiongeze hela kwa jina la aptX.

Sauti_Tupu: Soma boksi pia: RX inapokea, TX inarusha. Wewe unataka RX.

Kinanda: Nimechukua ya betri. Ilinisumbua kuonekana kwenye simu, kumbe ilishajiunga na tableti ya mtoto chumbani! Nimezima Bluetooth ya tableti, nikashikilia kitufe mpaka taa ikamwekamweka. Sauti ilikuwa hafifu, nikapandisha ya simu karibu na mwisho, ya amplifaya ndiyo naichezea. Mvumo hakuna.

BintiNyaya: Subiri betri iishe katikati ya wimbo 😂